Siwa Inayoita Maji

Kwa miezi kadhaa sasa, kila nipatapo nafasi jioni baada ya kazi, ninaandika hadithi ya visiwa visivyomo katika ramani yoyote. Nimeviita Visiwa vya Shungubari, na kilichonitaabisha kuliko wahusika wote ni ala moja tu: siwa yenye uwezo wa kuamrisha bahari. Nilitaka uchawi wake umwingie hata msomaji aliyekulia pwani, ambaye hadanganyiki kirahisi kuhusu siwa wala kuhusu bahari.

Kwa hiyo nilianza na siwa yenyewe. Hili ni baragumu kubwa la enzi, ambalo lilipulizwa watawala walipotawazwa na katika sherehe za waungwana. Zinazosifika zaidi ni siwa ya Pate, kisiwa cha pwani ya Kenya, iliyochongwa kwa pembe za ndovu na kufikia urefu wa karibu mita 2, na ile ya Lamu, iliyotengenezwa kwa shaba. Mdomo wa mpulizaji hukaa kwenye tundu lililo ubavuni, si nchani, na kwa kuwa siwa haina matundu ya vidole kama zumari, sauti zake ni chache, nazo hutokana na kubana midomo na kusukuma pumzi. Nilipolitafakari hilo, niliacha wazo langu la kwanza la ala inayoweza kila kitu. Siwa ya Shungubari ina sauti mbili tu: nzito huyafanya maji yapwe, nyembamba huyafanya yajae.

Katika habari za Pate husimuliwa pia kwamba bibi mmoja muungwana, Mwana Darini, alinyimwa siwa alipotaka kufanya sherehe ya kumtahiri mwanawe, naye akamwagiza fundi amchongee yake. Kisa hiki nakipenda mno, kwa sababu kinaonyesha kwamba nguvu ya siwa ilikuwamo katika swali la nani anaruhusiwa kupuliziwa. Hapo hapakuhitajika uchawi wowote, na bado chombo kile kiliweza kumwinua mtu au kumfedhehesha mbele ya mji mzima.

Ndipo nikaiweka sheria ambayo hadithi yangu yote inaiegemea: bahari humtii yule anayepuliziwa, lakini gharama huilipa mpulizaji. Maji yakipwa kwa amri ya siwa, sauti ya mpulizaji hupwa pamoja nayo, na hairudi mpaka yajae tena kwa wakati wake. Kwa muda wa saa sita hivi hawezi kunena neno, hata akishtakiwa, hata mtoto wake akimwita.

Muda huo sikuubuni. Mtu akishuka ufukweni hapa Dar es Salaam siku za bamvua, maji yanapopwa na kujaa kupita kawaida, asubuhi atakuta mchanga umeachwa wazi hadi mbali, ngalawa zimelala ubavu na watu wanaokota chaza kwenye miamba, na baada ya saa sita na dakika chache atakuta maji yamefunika kila kitu. Nimekwenda Kunduchi mara kadhaa kuketi tu na kutazama mabadiliko hayo tangu mwanzo hadi mwisho, nikijaribu kupima jinsi saa hizo zingekuwa ndefu kwa mtu aliyefungwa kinywa.

Mpulizaji wangu ni msichana anayeitwa Mwanaidi, aliyerithi kazi hiyo kwa babu yake. Katika sura ninayoiandika sasa, bibi mmoja tajiri ameamuru apuliziwe sauti nzito ili jahazi la mdai wake likwame mwambani, na mabaharia wawili wamekufa. Wazee wamekusanyika barazani wakiuliza ni nani aliyetoa amri. Bibi anajieleza kwa maneno mazuri, Mwanaidi ameketi mkekani mbele yao akiwa bubu, siwa iko magotini pake, na kule chini ya ngazi za bandari maji ndiyo kwanza yanaanza kurudi.