Ben van Os na kiti kilichosogezwa

Katika filamu ya Girl with a Pearl Earring ya mwaka 2003, kijakazi Griet anaingia katika chumba cha kazi cha mchoraji Vermeer, anayatazama kwa muda mrefu mandhari yanayochorwa na bwana wake, kisha anakisogeza kando kiti kimoja. Vermeer anapomuuliza sababu, anajibu kwamba mwanamke aliye pichani alionekana kama amefungiwa. Kila nikitazama tukio hilo humkumbuka Ben van Os, Mholanzi aliyebuni mandhari ya filamu hiyo, kwa sababu kazi yake yote imo humo: kujua kitu gani kikae wapi, na kipi kiondolewe.

Van Os, aliyezaliwa mwaka 1944 na kufariki mwaka 2012, alijulikana kwanza kwa kujaza, wala si kwa kupunguza. Yeye na mwenzake Jan Roelfs walimfanyia kazi kwa miaka mingi mwongozaji Peter Greenaway, na matunda makubwa zaidi ya ushirikiano huo, kwa maoni yangu, ni mkahawa ulio katika filamu ya The Cook, the Thief, His Wife & Her Lover wa mwaka 1989. Jiko ni la kijani, ukumbi wa kulia ni mwekundu, msala ni mweupe, na nje ni buluu. Mke wa mwizi anapovuka mlango, vazi lake jekundu hugeuka jeupe bila yeye kulivua. Ukutani umetundikwa mchoro mkubwa wa Frans Hals, mchoraji Mholanzi wa karne ya 17, wa maafisa walioketi karamuni, ukiwatazama walaji wa leo wakifanya ufedhuli wao.

Kisha ikaja filamu ya Orlando ya mwongozaji Sally Potter, yenye kisa kinachopita miaka 400, iliyowapatia wote wawili uteuzi wa kuwania tuzo ya Oscar mwaka 1994. Roelfs baadaye aliteuliwa tena kwa filamu ya Gattaca.

Van Os naye aliteuliwa tena kwa hadithi ya Vermeer, na safari hii pia hakushinda, jambo ambalo bado linanisikitisha. Delft ya mwaka 1665, mji wa mifereji wa Uholanzi alikoishi Vermeer, aliiunda Luxembourg, katika majengo ambayo awali yalisimamishwa kuiga Venice, mji mwingine wa mifereji. Hata hivyo, ninachokithamini zaidi ni kile chumba cha juu: dirisha moja upande wa kushoto, meza, ukuta mtupu, na mwanga unaofika polepole hadi sakafuni.

Katika The Libertine ya mwaka 2004 alirudi karne ileile ya 17, miaka kumi tu mbele, mjini London, na safari hii mwanga wa dirisha umetoweka. Yamebaki matope, moshi na mishumaa.