Njuga za Waheeda Rehman

Sasa hivi tumemaliza kuitazama Guide, filamu ya Kihindi ya 1965, mimi na mama. Bado moyo unanienda mbio.

Waheeda Rehman, mwigizaji wake mkuu, alizaliwa 1938 kule Chengalpattu, Tamil Nadu, akafundishwa Bharatanatyam, ngoma ya jadi ya Kihindi, tangu udogoni. Humu ndiye Rosie, mke ambaye mumewe hataki kabisa acheze.

Jamani, pale anaponunua njuga!

Anazivaa, anakimbia nazo barabarani, watu wanamkodolea macho, yeye wala hana habari nao. Uso wake pale ni wa mtu aliyefunguliwa kamba.

Tuzo ya Dadasaheb Phalke, ile kubwa kabisa ya sinema India, walimtangazia 2023, ana miaka 85. Walichelewa mno, kwa kweli.

Mama anashikilia kwamba filamu ya Pyaasa ndiyo yake bora. Nyie mnasemaje?