Midomo inacheza, sauti hakuna

Jumamosi moja jioni, nyumbani Tandika, nilichomeka flashi kwenye TV yetu ya inchi 32. Mama alishajiweka vizuri kwenye kochi, chai mkononi. Picha ikaja safi, midomo ya watu ikawa inacheza, lakini kimya. Chini ya kioo pakatokea maandishi kwamba aina hiyo ya sauti haitambuliki. Mama akageuka: "Mwanangu, hawa mabubu?" Iliniuma, maana filamu hiyo nilimwahidi wiki nzima.

Nikalifungua faili kwenye kompyuta kwa VLC, programu ya kuchezea video, nikaangalia taarifa za kodeki, yaani namna picha na sauti zilivyobanwa. Picha ilikuwa H.264, ya mwaka 2003, inayosomwa na karibu kila TV. Sauti ndiyo ilikuwa DTS, aina ya sauti ambayo TV nyingi haziisomi. Kumbe dawa yake ndogo: unabadilisha sauti peke yake, picha huigusi. Nilitumia programu ya bure, FFmpeg, kwa mstari huu:

ffmpeg -i filamu.mkv -c:v copy -c:a aac -ac 2 mpya.mkv

Hiyo "copy" inahamisha picha kama ilivyo, ndiyo maana kazi iliisha kwa dakika chache. "aac" ni aina ya sauti ambayo TV yetu inaisoma. "ac 2" inageuza sauti ya 5.1, yenye njia sita, kuwa ya njia mbili, kushoto na kulia, sawa na spika za TV yetu. Kwenye 5.1 mazungumzo mengi hukaa spika ya katikati, ambayo sisi hatuna.

Upande wa picha nilikuwa napoteza bando bure. Kioo chetu kina nukta 1366 kwa 768, na mimi nahangaika na 1080p, yenye nukta 1920 kwa 1080! Sasa nachukua 720p, yaani 1280 kwa 720, na kutoka kwenye kochi sioni tofauti. Filamu ya megabiti 8 kwa sekunde inakula GB 3.6 kila saa, kwa hiyo ya saa mbili inapita GB 7. Flashi yangu ya GB 32 ilikuwa tupu na bado ilikataa faili la namna hiyo, kwa sababu mfumo wake wa kupanga mafaili, FAT32, haupokei faili moja la kufika GB 4. Kwangu, ukibanwa na nafasi, punguza picha kabla hujagusa sauti. Mtu akikosa maneno, filamu imemtoka.

Jumamosi iliyofuata feni ilikuwa namba tatu, joto la Dar mnalijua, na mama alisikia hadi mnong'ono wa bibi aliyekuwa anaaga wajukuu. Akaniambia nirudishe nyuma kidogo, ausikie tena.