Binti wa miaka 7 ameota ziwa (titi): ninavyotumia urefu kujua kinachoendelea

Ziwa likiota kabla ya miaka 8, tunahesabu kuwa ni mapema. Ila katika kazi yangu ya uuguzi wa watoto, ziwa peke yake halijawahi kunipa jibu kamili. Jibu hulipata kwenye urefu.

Naanza kwa vidole. Nikishamwomba mtoto mwenyewe ruhusa, analala chali, mama yake yuko kando. Nabonyeza taratibu chini ya chuchu. Ziwa linaloota lina kitu kigumu cha duara, kama kifungo cha shati; huuma kidogo, na mara nyingi huanza upande mmoja, jambo linalowatia wazazi hofu ya saratani bure. Mafuta ni laini, vidole vinazama hadi mbavuni. Mtoto mnene akipimwa ameketi ni rahisi kukosea, ndiyo maana lazima alale.

Nywele za sehemu za siri na harufu ya kwapa bila ziwa mara nyingi hutokana na tezi za adrenali, zilizo juu ya figo, wala si ovari. Naziandika, lakini hiyo ni njia nyingine.

Sasa urefu. Kabla ya kubalehe, mtoto hurefuka kama sentimita 5 hadi 6 kwa mwaka. Estrojeni, homoni ya kike inayotoka kwenye ovari, ikianza kazi, kasi hupanda. Nampima asubuhi kila mara, kwa sababu uti wa mgongo hujibana mchana kutwa na jioni mtoto huwa amepungua kidogo. Viatu vinavuliwa, mafundo ya nywele yanafunguliwa, visigino na makalio vinagusa ukuta, macho yanatazama mbele bila kuinua kidevu. Nashusha ubao bapa kichwani, nasoma mara tatu, nachukua wastani. Kisha narudia baada ya miezi 6. Akitoka 118.4 hadi 122.1, ameongeza 3.7, mara mbili ni 7.4 kwa mwaka, na huyo namwandikia rufaa. Msipime kila mwezi! Hata kwa miezi 3, kosa la nusu sentimita tu hugeuka sentimita 2 kwa mwaka, na mzazi anakosa usingizi kwa kosa la rula.

Ziwa likiwepo huku urefu umedumaa, naomba tezi ya thairoidi, iliyo shingoni, ipimwe. Pia nauliza kama nyumbani kuna krimu yenye homoni anayopaka mtu mzima, kwani mtoto huipata kwa kugusana ngozi.

Daktari huagiza eksirei ya mkono wa kushoto kuona umri wa mifupa, yaani imekomaa kiasi gani, na damu ya asubuhi kupima LH, homoni inayoamsha ovari. Haraka hii ina sababu: estrojeni ileile inayomrefusha leo hufunga ncha za mifupa mapema, na binti anayewapita wenzake wote sasa anaweza kubaki mfupi ukubwani.

Akianzishiwa sindano za kuzuia balehe, namweleza mama mapema kwamba baada ya dozi ya kwanza damu kidogo inaweza kutoka ukeni, kwa kuwa dawa huchochea homoni kwanza kabla ya kuzizima. Halafu tunaandika tarehe ya sindano inayofuata kabla hawajatoka mlangoni, maana ikichelewa, homoni huamka tena.