Jinsi nilivyomrudishia mzee hoki yake

Nilikuwa nahudumia wazee katika makao yao kwenye mji mmoja wa Ontario, Kanada, mwendo wa saa mbili hivi kwa gari kutoka Toronto. Zamu yangu ilikuwa ya jioni. Chumba cha mwisho kwenye korido alikaa mzee wa miaka 88 ambaye macho yake yalikuwa yameharibika katikati: akikutazama usoni anaona doa la kijivu, na pembeni ukungu. Alikuwa shabiki wa Toronto Maple Leafs, timu ya hoki ya barafuni, tangu utotoni. Jumamosi moja nilimkuta amezima runinga saa moja jioni, mechi ndiyo kwanza inaanza. Nikamuuliza kulikoni. Akasema, "Hawa wanaongea na watu wanaoona."

Maneno hayo yalinikaa. Wakati huo sikujua lolote kuhusu hoki ya barafuni zaidi ya kwamba watu wa pale wanaipenda kupita kiasi. Nikaiwasha tena runinga ile nikakaa dakika kumi nimefumba macho. Mtangazaji anataja jina, ananyamaza, anataja jina jingine, mara anaingia kwenye habari za mchezaji aliyeumia wiki iliyopita. Paki, kile kisahani cheusi cha mpira mgumu wanachogombania kwa magongo, iko wapi? Sikujua. Picha ndiyo iliyokuwa ikisimulia, na mtangazaji alikuwa akiijazia tu.

"Tafuta redio," mzee akaniambia. "Redio ndiyo ilikuwa ikinionyesha hoki kabla ya runinga kuja."

Akanieleza habari za Foster Hewitt, na usiku ule sikutoka chumbani mwake mpaka nilipoitwa kwa kengele. Hewitt alitangaza mechi yake ya kwanza ya hoki mwaka 1923, kutoka uwanja wa Mtaa wa Mutual, Toronto, akiongea kwa simu iliyounganishwa na kituo cha redio cha gazeti la Toronto Star. Baadaye, uwanja wa Maple Leaf Gardens ulipofunguliwa mwaka 1931, alikuwa akitangazia juu kabisa, karibu na dari, na kila Jumamosi Kanada nzima ilimsikiliza. Mzee alikuwa kijana mdogo Aprili 1951, siku Bill Barilko alipofunga goli la muda wa nyongeza dhidi ya Montreal na kuwapa Leafs Kombe la Stanley, kombe la ubingwa wa ligi. Aliliona goli lile, aliniambia, na hakuwa na runinga. Alikuwa jikoni kwao na redio. Miezi michache baadaye Barilko akafa katika ajali ya ndege ndogo, na mabaki yake hayakuonekana hadi mwaka 1962. Mzee alisimulia kama anayemzungumzia ndugu yake.

Basi nikaamua kumtafutia redio.

Nilinunua redio ndogo ya betri yenye AM na FM, nikidhani kazi imekwisha. Michezo ya Leafs iligawanywa kati ya vituo viwili vya Toronto, 590 na 1050, vyote vya AM: leo mechi iko huku, keshokutwa iko kule. Chumbani kwa mzee kimoja kilisikika, kingine kilitoa mkwaruzo mtupu. Nikafikiri redio ni mbovu. Haikuwa mbovu. Taa ya kando ya kitanda ilikuwa ya LED, na chaja ya simu ilikuwa imechomekwa pale pale, na vitu hivyo viwili humwaga kelele kwenye AM kuliko unavyoweza kudhani. Nilipochomoa chaja na kuzima taa, nusu ya mkwaruzo ilikwisha. Nusu nyingine ilikwisha nilipojifunza kuizungusha redio. Ndani ya redio ya AM mna kijiti cha antena kilicholala. Mawimbi yakikipiga ubavuni sauti huja imejaa, yakikijia kwa nchani sauti hufifia. Ule waya mrefu unaovutwa juu ni wa FM, hausaidii kitu hapo. Niliiweka redio dirishani, nikaizungusha taratibu kama anayefungua kasha la siri, mpaka sauti ikatoka wazi, kisha nikatia alama dirishani kwa penseli.

Usiku mambo hubadilika, na hili lilinichanganya kwa wiki kadhaa. Mchana mawimbi ya AM hutambaa na ardhi. Jua likizama, tabaka za juu za anga huyarudisha chini, yakaangukia mamia ya kilomita kutoka mnarani. Kwa hiyo kituo kilichosikika safi saa kumi jioni kinaweza kuanza kuingiliwa na kingine cha mbali saa mbili usiku. Ni kero, lakini pia ni zawadi: usiku mmoja wa Januari tulinasa WGN 720 ya Chicago ikitangaza mechi ya Blackhawks, timu ya hoki ya huko, sauti ikija na kuondoka kama mawimbi ya pwani, na mzee akanikataza kugusa redio hadi mwisho.

Sasa, mechi za ugenini upande wa magharibi. Vancouver wakianza saa moja jioni kwao, Ontario ni saa nne usiku, na muda huo makao yote yametulia. Redio dirishani haikufaa, kwa sababu mzee alikuwa kitandani na jirani zake wamelala. Hapo ndipo nilipoingia kwenye intaneti.

Nilianza na tovuti ya kituo kimoja cha redio. Kabla ya mechi kila kitu kilikwenda sawa: uchambuzi, kutajwa kwa vikosi, matangazo ya biashara. Dakika ya mechi kuanza, sauti ikakatika na mahali pake kikaja kipindi cha mazungumzo. Mara ya kwanza nilidhani nimebonyeza vibaya. Mara ya tatu nikaelewa kwamba ni haki za matangazo. Kituo kinaweza kuwa kimenunua haki ya kurusha mechi hewani katika eneo lake, huku haki ya kuirusha kwa intaneti ikiwa mikononi mwa mwingine. Mnara unarusha mechi, tovuti ya kituo hicho hicho inarusha kitu kingine. Nalieleza kwa kirefu kwa sababu najua wengi wanaokata tamaa hapo wakidhani ni simu yao au bando lao.

Kilichotuokoa ni programu ya simu ya ligi yenyewe, NHL, ligi kuu ya hoki ya Kanada na Marekani. Ndani yake, kwenye ukurasa wa mechi, mna sehemu ya kusikiliza matangazo ya redio, na sisi hatukulipa chochote kwa sauti. Kubwa zaidi, unachagua watangazaji wa timu ya nyumbani au wa wageni. Mzee alikuwa na mazoea ya Joe Bowen, aliyeanza kutangaza Leafs mwaka 1982, na akisikia ile "Holy Mackinaw!" yake ya kushangilia hujipigapiga goti. Lakini Leafs wasipocheza tulikuwa tukitembelea watangazaji wa miji mingine. New York Islanders hutangazwa na redio ya wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Hofstra, na vijana wale hufanya kazi ya watu wazima. Los Angeles Kings waliiacha redio ya kawaida mwaka 2018 wakahamishia matangazo yao kwenye programu ya simu, jambo lililomshangaza mzee mno: timu isiyo na masafa!

Waifai ya makao ilikuwa na tabia ya kumtoa mtu kila baada ya saa chache na kumtaka akubali masharti upya. Mzee angewezaje kuyakubali masharti asiyoyaona? Nikaanza kutumia bando langu. Sauti hailambi bando kama video. Mkondo wa kilobiti 64 kwa sekunde hula kama megabaiti 29 kwa saa, na wa kilobiti 128 hula kama 58. Mechi nzima, vipindi 3 vya dakika 20 pamoja na mapumziko, huchukua saa mbili na nusu hivi, kwa hiyo ni megabaiti 150 ukiwa mkarimu. Nikamnunulia spika bapa ya kuweka chini ya mto. Anaisikia yeye, jirani hasikii.

Tatizo lililobaki ni kuchelewa, na kwa shabiki ni tatizo la kweli. Sauti ya intaneti hufika nusu dakika au zaidi baada ya tukio. Ukumbini palikuwa na runinga kubwa, na wazee wenzake wakishangilia, yeye bado anasikia paki iko katikati ya uwanja. Goli likafungwa masikioni mwake likiwa tayari limeshazeeka. Aliniambia hilo kwa unyonge, nami nikaona haya, kwa sababu ni mimi niliyesifia intaneti. Tangu siku hiyo tuliweka utaratibu: mechi ya saa moja jioni ni redio ya AM, ya usiku wa manane ni simu. Na AM ilikuwa na malipo yake. Sauti yake hufika kabla ya runinga. Jioni ya kwanza mzee alipopiga kelele za goli sekunde chache kabla ya ukumbi mzima, nilisikia kicheko chake ambacho sikuwa nimewahi kukisikia. Baada ya wiki mbili wale wa ukumbini walikuwa wakitega masikio kwenye korido kusubiri ishara yake.

Mimi mwenyewe niliujua mchezo huu kwa masikio kabla ya macho. Mtangazaji mzuri wa redio hukupa kwanza mahali, kisha mtu, kisha tendo: kona ya kushoto, nyuma ya goli, ukutani, mstari wa buluu, nani ana paki, anafanya nini. Uwanja una urefu wa mita 61 hivi na upana wa 26, na mzee alinifundisha kuuchora kichwani kabla mechi haijaanza. Anauliza timu yetu inashambulia upande gani kipindi cha kwanza, kisha anaukumbuka muda wote, kwa maana timu hubadilishana pande. Kuna timu chache ambazo sauti ya runinga na ya redio ni moja. Kwa asiyeona, nasema wazi, hayo si matangazo ya redio. Mtangazaji anayejua kuna picha hulegea bila kukusudia. Tukikutana na mechi ya namna hiyo tulikuwa tukibadili kwenda kwa watangazaji wa timu pinzani, hata kama walishangilia magoli ya maadui.

Nyakati ambazo NHL haikuwa na mechi ya kufaa tulisikiliza ligi ya vijana ya Ontario, OHL. Timu nyingi za ligi hiyo hutangazwa na redio za miji yao, na nyingi hupatikana kwa intaneti pia. Mtangazaji husafiri basi moja na wachezaji, anajua nani ana mafua. Mzee alizipenda kuliko nilivyotegemea. Redio za kulipia kama SiriusXM, redio ya setilaiti ambayo ina mechi za NHL na chaneli nzima ya habari zake, zinamfaa anayeendesha gari masafa marefu. Kwetu hazikuwa na haja.

Jambo la mwisho nililofanya ndilo nililopaswa kuanza nalo. Siku zangu za mapumziko hakukuwa na wa kumtafutia kituo, na wenzangu wa zamu walikuwa na wagonjwa wengi. Nikamnunulia redio nyingine, yenye vitufe vya kuhifadhi vituo. Kitufe cha kwanza nikakiwekea 590, nikabandika kipande kimoja cha utepe mgumu. Cha pili 1050, vipande viwili. Kitufe cha kuwasha nikakitia tone la gundi likakauka kama kipele. Dirishani, badala ya alama ya penseli ambayo mimi tu niliiona, nikapigilia vijiti viwili ili redio ikae katikati yake ikielekea inakotakiwa. Tukafanya mazoezi mara tatu. Akikosa mechi kwenye kitufe cha kwanza, anapapasa cha pili.

Jumamosi iliyofuata sikuwa na zamu. Nilipita saa mbili usiku kumchukulia mwenzangu funguo, nikasikia sauti ya Bowen kutoka mwisho wa korido. Nikasukuma mlango polepole. Mzee alikuwa kitini, mkono mmoja juu ya redio, taa imezimwa.

"Mzee, ngapi kwa ngapi?" nikauliza.

Akainua kidole kuninyamazisha. "Kaa. Wao wamebaki wanne barafuni, sisi tuko watano. Adhabu yao imebaki dakika moja na sekunde kumi."

Nikakaa.