Papadi mbichi zilivyonifundisha kutumia maikrowevu

Kwa wiki tatu maikrowevu ilikaa jikoni kwetu hapa Ilala, imefunikwa kitambaa cha kufuma kama televisheni ya sebuleni. Nilikuwa nimeinunua kwa mwenzangu wa kazini aliyekuwa anahama, kwa laki moja na ushee, nikijua itaniokoa: narudi saa moja usiku, mtoto ana njaa, chakula kiko kwenye friji kimeganda. Lakini Mama, ninayeishi naye, alisema hatii mdomoni kitu kilichotoka humo. Na Mama akisema hali, hali.

Sikumlaumu. Yeye ndiye aliyemsindikiza dada yake hospitali ya saratani ya Ocean Road kwa tiba ya mionzi, akamwona ngozi inavyobabuka. Kwake mionzi ni ile. Lugha yetu ina neno hilo hilo kwa jua, kwa eksirei na kwa mashine ya kupashia wali, na ni nani anayekaa na mzee kumtenganishia? Niliochukia ni majirani. Mmoja alimwambia kwamba mashine hii hupika kuanzia ndani kwenda nje, na mionzi yake hubaki kwenye chakula mpaka tumboni. Mwingine, kijana anayetengeneza simu, akaja na jaribio lake: tia simu ndani, funga mlango, ipigie. Ikiita, mlango unavuja, katupe.

Tulifanya, waya ukiwa umechomolewa ukutani. Mama amesimama kizingitini, khanga begani. Nikapiga. Kimya. Nikaanza kutabasamu. Halafu simu ikaita, kioo chake kinawaka nyuma ya ule wavu mweusi wa mlangoni. Mama akasema, "Umeona, mwanangu?" Akageuka, akaenda zake chumbani. Usiku ule nilishaanza kutafuta wa kumuuzia.

Kilichonizuia ni ubishi wangu. Nilimfuata mwalimu wa fizikia wa mwanangu, akanieleza taratibu. Simu inatosheka na ishara hafifu mno. Ipunguze mara elfu, bado itaita, tena masafa yake mengi si yale ya maikrowevu. Kwa hiyo kuita kwake hakusemi lolote kuhusu usalama. Wavu ule una vitundu vya milimita moja au mbili hivi, ilhali wimbi la maikrowevu lina urefu wa sentimita 12, halipiti hapo. Marekani sheria inaruhusu mashine kuvujisha miliwati 5 tu kwa sentimita mraba, ukipima sentimita 5 kutoka kwenye mashine, na ukisogea nyuma hata hicho kidogo kinapungua haraka. Ukitaka kujua mlango wako, utazame: bawaba zisilegee, ukingo usiwe umepinda wala kuungua, ufunge sawasawa. Ukiwa na kasoro, usiiwashe, na usiifungue kifuniko mwenyewe. Ndani mna kapasita, kifaa cha kuhifadhi umeme, yenye umeme wa maelfu ya volti, na inaweza kuushikilia hata baada ya kuchomoa waya. Hicho ndicho cha kuogopwa kwenye mashine hii, na sijamsikia jirani hata mmoja akikitaja.

Mwalimu ndiye aliyenidokeza habari ya papadi, vile vimkate vyembamba vikavu vya Kihindi. Nilinunua pakiti moja mbichi kwenye duka la viungo. Jaribio la kwanza liliharibika kwa sababu sahani ya kioo ilikuwa inazunguka, papadi zikaumuka kila mahali. Mara ya pili nikaitoa sahani pamoja na kigurudumu chake, nikafunika kile kikonyo cha katikati kwa bakuli la udongo, juu yake nikaweka sahani bapa, na papadi nne zimepangwa zinagusana. Nusu dakika hivi. Tulipofungua, mwanangu alipiga kelele. Papadi zilikuwa na mabaka: hapa pameumuka peupe na kukauka, vidole vitatu pembeni pabichi kabisa, panapindika. Akaleta rula. Kutoka baka hadi baka, mengi yalikuwa karibu sentimita 6.

Maana yake ni hii. Mawimbi yanatoka kwenye magnetroni, kifaa cha ndani kinachoyatengeneza, yanadunda kwenye kuta za chuma, yanakutana yenyewe kwa yenyewe. Pengine yanaongezeana nguvu, pengine yanafutana. Baka hadi baka ni nusu ya wimbi. Mwanangu, aliye kidato cha tatu, akazidisha mara mbili akapata sentimita 12, akazidisha kwa mitikisiko bilioni 2.45 ambayo wimbi la maikrowevu hufanya kila sekunde, akapata kilomita 294,000 kwa sekunde. Mwendo wa mwanga ni karibu 300,000. Mtoto wangu alipima mwendo wa mwanga kwa papadi, jikoni kwangu, na ile karatasi ya hesabu nimeibandika kwenye friji.

Basi nikaelewa kwa nini maharage yangu yalikuwa yanachoma ulimi upande mmoja na upande wa pili baridi. Molekuli ya maji ina ncha ya chanya na ncha ya hasi. Wimbi linaivuta huku na huku, inagongana na wenzake, na huko kugongana ndiko joto. Mawimbi huzama sentimita chache tu, mbili au tatu hivi. Zaidi ya hapo joto linatembea lenyewe polepole, kama kwenye sufuria. Habari ya kupika kutoka ndani si kweli. Barafu nayo hainyonyi mawimbi vizuri kama maji, ndiyo maana nyama niliyoitoa kwenye friza na kuipiga moto mkubwa iliiva pembeni, katikati bado jiwe. Nyama sasa naishusha friji ya chini tangu jana yake.

Wali naupanga duara, katikati naacha tundu, nanyunyiza maji kijiko kimoja, nafunika kwa sahani. Dakika mbili, nakoroga, dakika moja, halafu nauacha utulie. Ule utulivu wa mwisho usiuruke, ndipo joto linapofika palipokuwa baridi. Kiporo kisipopata moto sawasawa, wadudu wanabaki hai. Na wali uliolala mezani usiku kucha hauokolewi na mashine yoyote, kwa sababu sumu ya bakteria wake haifi kwa kupashwa. Makopo ya aiskrimu nayo tuyaache kwenye friji, hayakutengenezwa kwa moto. Sahani usiyoijua, itie ikiwa tupu pamoja na kikombe cha maji kwa dakika moja. Yenyewe ikitoka ya moto, haifai. Vikombe vya Mama vyenye ukingo wa dhahabu havikaribii kabisa, vinatoa cheche. Yai zima hupasuka. Umeme hauliwi kama wanavyosema, uniti moja inapasha sahani kumi na tano hivi.

Kwa Mama sikutumia rula. Nilikaa naye usiku, nikazima taa, nikamuuliza kama mwanga umebaki ukutani. Akasema hapana. Nikamwambia mawimbi ya ile mashine ni ndugu wa mawimbi ya redio yake. Ukizima yamekwisha, hayabaki kwenye wali. Mionzi aliyopigwa mama mdogo ina nguvu ya kung'oa elektroni kwenye atomu, na haya hayana, yanatikisa maji tu. Nikamsimulia kwamba magnetroni ilikuwa ya rada za vita vya pili, mpaka mwaka 1945 Mmarekani Percy Spencer, akiwa kazini karibu nayo, akakuta peremende imeyeyuka mfukoni mwake. Mama akanyamaza sana. Kisha akauliza, "Na uji?"

Uji unataka kukorogwa katikati, la sivyo unafoka. Siku hizi anaupasha mwenyewe, saa kumi na moja alfajiri. Dakika moja, anakoroga, sekunde arobaini, halafu bakuli linatulia humo humo mpaka amalize tasbihi yake.