Ziwa Eyasi, mwisho wa maji ya Usukuma

Mvua inayonyesha Shinyanga haiendi yote upande mmoja. Sehemu yake hushuka kaskazini hadi Ziwa Victoria, ikatoka Jinja kwa Mto Nile na kufika Misri. Sehemu nyingine huingia Mto Manonga, ule ambao basi linalotoka Mwanza kwenda Nzega huuvuka baada ya Tinde, ikapita mbuga za Wembere, ikatulia kwa muda katika Ziwa Kitangiri, kisha ikashuka kwa Mto Sibiti hadi Ziwa Eyasi, na safari yake ikaishia hapo. Eyasi halina mto unaotoka. Watu wa Mwanza tumezoea kusema "ziwa" tukimaanisha hili letu tu, na kwa sababu hiyo tumesahau kwamba sehemu kubwa ya Usukuma humwaga maji yake katika ziwa jingine, la chumvi, ambalo hali yake inanitia wasiwasi zaidi kila mwaka.

Eyasi limelala kwenye sakafu ya Bonde la Ufa, yapata mita 1,030 juu ya usawa wa bahari, yaani kama mita 100 chini ya Ziwa Victoria. Upande wa kaskazini-magharibi limezuiwa na ukuta mrefu wa mwamba unaobeba nyanda za Serengeti na Maswa. Upande wa kaskazini-mashariki imesimama milima ya volkano ya Oldeani na Lemagarut, jirani na Ngorongoro. Mikoa ya Arusha, Manyara, Singida na Simiyu inakutana kandokando yake. Likiwa limejaa, maji yake huenea mbali sana, lakini kina chake mara nyingi hakifiki hata mita moja, na miaka ya ukame sehemu kubwa hukauka kabisa. Jua hunyonya maji na kuacha nyuma kila kilichokuja pamoja nayo: chumvi ya kawaida, magadi yaliyotokana na miamba ya volkano, na tope. Kiangazi, ufukwe wa upande wa Mang'ola huonekana mgumu na mweupe, lakini ukikanyaga, ukoko unavunjika na mguu unazama katika matope meusi yenye harufu kali. Upepo wa mchana ukianza, vumbi jeupe huinuka na kuifunika hata mikoche iliyo mbali na ufukwe.

Maji yamekuwa yakikusanyika katika mabonde haya tangu zamani sana. Katika bonde la Manonga, kusini mwa Shinyanga, watafiti wamefukua mifupa ya viboko, tembo na wanyama wengine wa mamilioni ya miaka iliyopita, ushahidi kwamba palikuwa na ziwa na mabwawa mahali ambapo leo hupandwa pamba na mpunga. Kwenye ufukwe wa Eyasi wenyewe, Mjerumani Ludwig Kohl-Larsen aliokota mwaka 1935 vipande vya fuvu la binadamu wa kale, ambavyo makadirio ya baadaye yameviweka karibu miaka laki moja nyuma. Kwenye pango la Mumba, jirani na ziwa, zimepatikana zana za mawe za vipindi vingi, pamoja na shanga zilizochongwa kwa maganda ya mayai ya mbuni, baadhi yake zikiwa na umri wa miaka ipatayo 50,000. Nikilinganisha na Ziwa Victoria, ambalo wanasayansi wamethibitisha kwamba lilikauka kabisa miaka elfu kumi na kitu iliyopita kabla ya kujaa upya, naona kwamba hatuna sababu ya kulidharau lile dogo kwa kudhani kwamba letu ndilo la milele.

Wenyeji wa pale kwa muda mrefu kuliko wote wanaofahamika ni Wahadzabe, watu wanaokadiriwa kuwa elfu moja na mia kadhaa, ambao lugha yao haijathibitika kuwa na undugu na lugha nyingine yoyote duniani. Huishi kwa kuwinda, kurina asali, kuchimba mizizi na kula ubuyu, na wengi wao bado wanategemea misitu na chemchemi za kandokando ya ziwa. Wadatoga huchunga ng'ombe huko, na wahunzi wao huwauzia Wahadzabe vichwa vya mishale. Mwaka 2011 Wahadzabe wa bonde la Yaeda walipata hati ya kimila ya kumiliki kwa pamoja ardhi ya hekta takribani 20,000. Nalitaja jambo hilo kwa heshima, kwa kuwa kabla yake wafugaji na wakulima, wakiwamo ndugu zetu Wasukuma, walikuwa wakiingia katika ardhi hiyo kana kwamba haina mwenyewe.

Uhusiano wa Usukuma na Eyasi ulianzia kwenye chumvi. Kabla ya chumvi ya dukani kuenea, Wasukuma walikwenda huko kwa miguu, kwa misafara, wakati wa kiangazi maji yakiwa yamerudi nyuma na kuacha ukoko. Wazee waliotusimulia, nikiwa mtoto kwa babu mzaa mama, hawakuizungumzia safari hiyo kama biashara tu. Njia ilikuwa kavu, yenye simba na hatari ya kushambuliwa. Kijana aliyerudi na mzigo wake kichwani alihesabiwa kuwa mtu mzima, na nyimbo za msafara ziliendelea kuimbwa hata baada ya safari zenyewe kukoma. Chumvi hiyo ilibadilishwa kwa mifugo, nafaka na majembe, na majembe mazuri yalitoka kwa wahunzi Warongo wa Uzinza, ng'ambo ya Ghuba ya Mwanza. Kwa hiyo mtu aliyelima kwa jembe la Uzinza na kuunga mboga kwa chumvi ya Eyasi alikuwa ameunganishwa na maziwa yote mawili.

Siku hizi kinachotukumbusha ulimwengu ule ni magadi yanayouzwa sokoni kwa mafungu, ingawa yanatoka sehemu mbalimbali na si Eyasi peke yake. Bonge la magadi ni la kijivu, lenye mistari ya udongo, na ukilikwaruza kwa ukucha hutoa unga unaochoma ncha ya ulimi. Mama lishe hutia kipande kidogo katika maharage au makande ili yaive haraka, na wanaotengeneza ugoro huchanganya na tumbaku. Wauzaji niliowauliza walijua bei yake ya jumla, lakini hakuna aliyeweza kunieleza ziwa lililoyatoa.

Mzungu wa kwanza anayetajwa kulifikia Eyasi ni Oscar Baumann, mwaka 1892, katika safari iliyomfikisha pia Ziwa Victoria. Baada yake ukaja mpango ambao watu wachache wa Mwanza wanaujua: Wajerumani walifikiria kuyachukua maji ya Ziwa Victoria kutoka Ghuba ya Smith, kusini mwa mji wetu, na kuyapeleka kwa mfereji hadi Wembere ili kumwagilia pamba. Tofauti ya mwinuko niliyoitaja ndiyo iliyofanya wazo hilo liwezekane. Vita vikaja, wakaondoka, na mkataba wa 1929 kati ya Uingereza na Misri ukayafunga maji ya Nile kwa namna ambayo Tanganyika, kwa msimamo wa Mwalimu Nyerere, ilikataa kuitambua mwaka 1962. Bomba kubwa la maji ya Ziwa Victoria kutoka Ihelele, Misungwi, lilifika Shinyanga na Kahama baadaye, na sasa maji hayo yamefika hadi Igunga, ndani kabisa ya bonde la Wembere. Nafurahi kwa ajili ya akina mama waliokuwa wakichota maji ya malambo. Hata hivyo, mfereji wa pamba nashukuru kwamba haukuchimbwa, kwa sababu maji yote ya mashambani pamoja na uchafu wake yangekuwa na mahali pamoja tu pa kwenda: Eyasi.

Katika maji hayo makali kuna uhai ambao haupatikani mahali pengi. Miaka ya maji mengi, heroe, ambao wengi tunawaita flamingo, hufika kwa maelfu kula vijimea vidogo vya maji ya magadi. Kuna aina ya perege, ndugu wa sato wetu, inayopatikana Tanzania pekee, katika maziwa machache ya aina hii: Eyasi, Kitangiri, Manyara na Singida. Wataalamu wameiweka katika kundi la samaki walio hatarini kutoweka. Ziwa linapojaa wavuvi hukusanyika na kambi huota; linapokauka, samaki husalia katika midomo ya mito na kwenye chemchemi za kandoni, na humo ndimo mbegu ya msimu unaofuata inamohifadhiwa. Anayekausha kijito cha namna hiyo mwezi wa Septemba anaharibu uvuvi wa miaka kadhaa mbele.

Na vijito ndivyo vinavyokaushwa. Mang'ola, upande wa mashariki wa ziwa, ni nchi ya vitunguu. Vitunguu vyekundu vya huko husafirishwa kwa lumbesa hadi nje ya mipaka ya nchi. Maji yake ni ya chemchemi zinazotokana na mvua iliyonyweshea misitu ya milima ya Ngorongoro na kupenya ardhini. Katika miongo ya karibuni majaruba yameongezeka, pampu zimeongezeka, mifereji mingi ya udongo hupoteza maji njiani, na viuatilifu vinavyopuliziwa hufuata mteremko kuelekea ziwani. Simlaumu mkulima anayesomesha watoto kwa vitunguu. Ninalolilalamikia ni kwamba maji yanagawiwa kana kwamba mwisho wa mfereji hakuna kitu.

Wapo wanaojibu kwamba ziwa huwa linajaa tena, na ni kweli kwamba mvua za mwisho wa 2019 zilipandisha maziwa mengi ya Bonde la Ufa. Lakini maji yakija kwa kishindo juu ya ardhi iliyo tupu huja na tope, na tope halitoki Eyasi kama chumvi isivyotoka. Hapa ndipo sisi wa huku tunapohusika moja kwa moja. Miti ya Usukuma ilifyekwa kwa ajili ya kuwafukuza mbung'o, kisha kwa ajili ya pamba, kisha kwa ajili ya mkaa. Ng'ombe wakazidi malisho, na wenye mifugo wakahamia Meatu, Wembere na Yaeda. Mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, ulioanza mwaka 1986, ulionyesha kwamba uharibifu huo unarekebishika: vijiji na kaya zilirudisha ngitili, ule utaratibu wetu wa zamani wa kutenga malisho ya kiangazi, na zaidi ya hekta 300,000 zikaota miti na nyasi upya. Mradi huo ulisifiwa kwa kuni, asali na malisho. Mimi ningeongeza kwamba kila ngitili iliyo katika bonde la Manonga ni udongo uliobaki mahali pake badala ya kwenda kulijaza Kitangiri na Eyasi.

Sheria ipo. Sheria ya mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka chanzo cha maji, sheria ya rasilimali za maji ya 2009 inaitambua haki ya mazingira kubakiziwa maji, na Bodi ya Maji Bonde la Kati, yenye makao Singida, ndiyo inayotoa vibali. Ningependa kuona mambo mawili yakitangazwa wazi kwenye mbao za matangazo za vijiji vya Mang'ola na vya kandokando ya Sibiti kila kiangazi: ni kiasi gani cha maji kimeruhusiwa kuchukuliwa, na ni kiasi gani kimeachwa kipite kwenda ziwani.